Kraków kwa siku moja pamoja na mtembeza wageni: tupite wapi, na kipi tukiache?

Mtembezi wa Shangani

Assalaam aleikum ndugu zangu, na salamu nyingi kwa wanajukwaa wote.

Mimi ni mtembeza wageni hapa Mji Mkongwe. Kwa miaka ya karibuni wageni wangu wengi wamekuwa Wapolandi, wanaokuja kwa ndege za kukodi na kufikia katika hoteli za Nungwi, Kiwengwa na Jambiani, kisha wanatengewa siku moja tu ya kuja mjini. Familia moja niliyoitembeza imenialika kwao mwezi wa Juni, Mungu akipenda. Wanaishi Katowice, na wameniwekea siku nzima ya kwenda Kraków, mji uliokuwa makao ya wafalme wao, ambao kwa gari ni mwendo wa saa moja hivi kutoka kwao.

Wenyeji wangu wamenitumia ratiba ya matembezi yanayouzwa na kampuni moja ya huko. Safari inaanzia kwenye ngome ya Barbakan saa tatu asubuhi na kumalizika saa kumi na moja jioni. Katika muda huo wanasema mgeni ataona Rynek Główny, yaani uwanja mkuu, Kanisa la Mariacki, chuo kikuu cha zamani, kilima cha Wawel chenye kasri na kanisa kuu, mtaa wa Kazimierz, eneo la geto, yaani mtaa waliofungiwa Wayahudi wakati wa vita, kiwanda cha Schindler, Mjerumani aliyewaokoa Wayahudi, na mwishowe machimbo ya chumvi ya Wieliczka. Nimeisoma ratiba hii mara kadhaa na kila nikiisoma napata wasiwasi, kwa sababu najua mgeni anavyochoka baada ya saa tatu za kutembea kutoka Forodhani hadi Darajani na kurudi kwa njia ya Mkunazini, ilhali mji wetu ni mdogo na haujainuka kilima.

Ninaomba msaada wa waliofika huko katika mambo haya. Kwanza, je, ratiba hii inawezekana, na kama haiwezekani, kipi kiachwe bila ya majuto? Pili, ni bora nijiunge na kundi au nimkodi mtembezaji wangu peke yangu, hata kama ni ghali zaidi? Tatu, na hili ndilo linalonigusa khasa kwa kazi yangu, watembezaji wa Kraków huingia na wageni ndani ya majengo au husimulia kutoka nje? Hapa kwetu, tangu sehemu ya Beit al-Ajaib ilipoporomoka tarehe 25 Disemba 2020, nasimama na wageni mbele ya jengo lile na kuwaeleza Sultani Barghash alivyolijenga mwaka 1883 bila ya kuwaonesha ngazi hata moja. Ningependa kuona mwenzangu wa mji mwingine wa kale anavyolitatua jambo kama hilo.

Ahsanteni sana.

---

Mzaliwa wa Mkoani

Wa aleikum salaam Maalim, na karibu sana. Mimi nimesoma Kraków na nimeishi humo, na ndugu kadhaa waliopita nimewatembeza mwenyewe, kwa hiyo nitakueleza ninayoyajua.

Ratiba hiyo haiwezekani. Mtu anaweza kuteremshwa na kupandishwa kwenye gari mbele ya kila sehemu uliyoitaja, lakini hiyo ni kuhesabu milango. Cha kwanza kuondoa ni Wieliczka, na nakuambia hivyo ingawa ni mahali pazuri mno. Machimbo hayo yako nje ya mji, upande wa kusini-mashariki, na hakuna mgeni anayeruhusiwa kuzunguka chini bila ya mtembezaji wa machimbo yenyewe. Njia ya watalii ina urefu wa zaidi ya kilomita 3, ngazi zake zote kwa jumla ni kama 800, inashuka hadi kina cha mita 135, na huchukua saa mbili hadi tatu. Huko chini kuna kanisa zima la Mtakatifu Kinga, lililo kwenye kina cha mita 101, ambalo sakafu yake, sanamu zake na hata mataa yake ya kuning'inia yametengenezwa kwa chumvi ya mwamba. Ukienda, nenda kwa siku yake, na uchukue koti jepesi hata kama juu ni jua kali, kwani joto la chini halizidi nyuzi 17 au 18. Kuyabandika mwisho wa siku ya mji mkongwe ni kuwaonea wageni na kuyaonea machimbo.

Baada ya kuiondoa Wieliczka, mji wenyewe unakupa njia. Wapolandi wanaiita Droga Królewska, njia ya wafalme, na inaanzia pale pale Barbakan, inapita lango la Mtakatifu Florian, inafuata barabara ya Floriańska hadi uwanja mkuu, kisha barabara ya Grodzka hadi Wawel. Haizidi kilomita moja na nusu kwa miguu. Maandamano ya kifalme yalipita hapo, na mtembezaji anayeifuata hana haja ya kuwarudisha wageni nyuma hata mara moja. Barbakan ni ngome ya duara ya matofali iliyojengwa mwaka 1498 na 1499, yenye kuta nene kiasi cha mita 3, na kwa ngome hiyo kusimulia kutoka nje kunatosha kabisa. Zunguka, tazama matundu ya mishale na mizinga, kisha endelea.

Uwanja mkuu ndipo pa kukaa. Ulipimwa mwaka 1257, mtawala Bolesław alipoupa mji hati mpya, na kila upande wake una kiasi cha mita 200, jambo linaloufanya uwe miongoni mwa viwanja vikubwa kabisa vya zama za kati katika Ulaya. Katikati yake kuna Sukiennice, soko refu lenye paa ambalo hapo zamani liliuza nguo. Liliungua mwaka 1555 na likajengwa upya kwa mtindo wa Kiitaliano wa wakati ule. Leo chini wanauza kaharabu na zawadi za watalii, na juu kuna picha za wachoraji wa Polandi wa karne ya 19. Pita ndani ya soko kutoka mlango mmoja hadi wa pili, kwani hakuna kiingilio, lakini usinunue chochote hapo kabla hujauliza bei mitaa ya pembeni.

Sasa nikueleze habari ya Kanisa la Mariacki kwa utulivu, kwa sababu hapo watu wengi wanapoteza kitu kikubwa kwa haraka ya saa sita. Kanisa lina minara miwili isiyolingana, na kutoka ule mrefu, wenye zaidi ya mita 80, hupigwa tarumbeta kila saa, mchana na usiku. Wapigaji ni askari wa zimamoto. Wimbo huo, hejnał, hupigwa kuelekea pande nne za dunia, na kila mara hukatika ghafla katikati ya sauti. Inasimuliwa kwamba Watatari walipouvamia mji mwaka 1241, mlinzi wa mnarani alipiga tarumbeta kuwaamsha watu, na mshale ukamchoma kooni kabla hajamaliza. Tarumbeta ya saa sita mchana hurushwa pia na redio ya taifa, na kwa sababu hiyo uwanja hujaa watu wenye simu mikononi wakati huo.

Wakati huo huo, ndani ya kanisa, muda mfupi kabla ya saa sita, hufunguliwa altare ya Veit Stoss, ambaye Wapolandi wanamwita Wit Stwosz. Fundi huyu alitoka Nuremberg na akafanya kazi hiyo kuanzia mwaka 1477 hadi 1489. Ni mbao zilizochongwa, kimo chake kiasi cha mita 13, na mitume waliosimama katikati ni warefu kuliko mtu wa kawaida. Nilipokaribia kadiri inavyoruhusiwa niliona kwamba mishipa ya mikono ya wazee wale imechongwa mmoja mmoja, na vidole vya mmoja wao vimepinda kama vya mtu mwenye maradhi ya viungo. Wewe uliyezoea milango ya nakshi utasimama pale kwa muda mrefu. Wajerumani waliing'oa wakati wa vita na kuipeleka kwao, nayo ikapatikana Nuremberg na kurudishwa mwaka 1946. Kwa hiyo ushauri wangu ni huu: saa sita uwe ndani, uione altare ikifunguliwa, na tarumbeta uisikie saa saba uwanja ukiwa umepungua watu. Watalii wana mlango wao wa pembeni na tiketi yao, na mlango mkubwa wa mbele ni wa wanaokwenda kusali. Kama siku yako ni Jumapili, fahamu kwamba watalii huingia mchana tu, baada ya ibada za asubuhi.

Wawel nayo ina swali lako la ndani na nje. Viwanja vya juu ya kilima viko wazi na havilipiwi, lakini kasri limegawanywa katika maonesho mbalimbali, kila moja na tiketi yake yenye saa maalumu, na idadi ya watu kwa siku ina kikomo. Kama una muda wa sehemu moja tu, ingia kanisa kuu na uziache kumbi za kasri. Tangu mwaka 1320 wafalme wa Polandi walivishwa taji humo, na hata baada ya makao ya mfalme kuhamia Warszawa waliendelea kurudishwa Kraków kutawazwa na kuzikwa. Lipo kaburi la Kazimierz Mkuu, aliyeanzisha chuo kikuu mwaka 1364, na ipo kapela ya mfalme Zygmunt, iliyojengwa kati ya 1519 na 1533 na Mtaliano Bartolomeo Berrecci, yenye kuba lililopakwa dhahabu. Panda pia mnara wa kengele ya Zygmunt. Ngazi ni za mbao na ni nyembamba, lakini juu utakutana na kengele iliyomiminwa mwaka 1520, yenye uzito wa zaidi ya tani 12, ambayo hupigwa kwa siku kubwa tu na huhitaji wanaume kumi na mbili kuivuta.

Kuhusu mtembezaji, jua kwamba tangu mwaka 2014 Polandi imeondoa sharti la leseni kwa watembezaji wa mijini, tofauti na kwetu ambako Kamisheni ya Utalii inakudai kitambulisho. Wapo wasomi wa historia waliobobea, na wapo waliokariri hadithi tatu. Yapo matembezi yasiyo na bei, ambayo mgeni hutoa bakhshishi mwishoni. Makundi yake ni makubwa na kwa kawaida hayaingii ndani ya majengo. Kwa kuwa wewe unataka kujifunza na kuuliza, mkodi mtu wa peke yako kwa saa nne tu, kutoka Barbakan hadi Wawel, halafu mchana mtembee na wenyeji wako. Uwanjani utaitwa na madereva wa magari madogo ya umeme wanaouza mizunguko yenye maelezo ya kurekodiwa. Wakatalie kwa heshima na uendelee na safari yako.

---

Mzee wa Wete

Wanangu, salaam. Nimefanya kazi ya mambo ya kale kwa muda mrefu, na Kraków nilifika kwa mkutano uliohusu utunzaji wa miji. Mzaliwa wa Mkoani amesema vyema, nami nitaongeza mambo ambayo mtembeza wageni wa Zanzibar hana budi kuyaangalia kwa jicho la kazi.

Mji mkongwe wa Kraków uliingia katika Urithi wa Dunia wa UNESCO mwaka 1978, katika orodha ya kwanza kabisa iliyokuwa na sehemu 12 tu ulimwenguni, na Wieliczka iliingia siku hiyo hiyo. Mji wetu uliingia mwaka 2000. Wenzetu hawa basi wana uzoefu wa miongo mingi wa kuishi na watalii ndani ya nyumba za kale, na inafaa ukaangalie wanavyoweka vibao, njia za maji ya mvua, mabango ya maduka na saa za kupakia mizigo. Muulize mtembezaji wako kuhusu mambo hayo, kwani wageni wa kawaida hawamuulizi, na mara nyingi atafurahi kuulizwa.

Jambo la pili ni kwamba mtembezaji hodari hueleza pia kilichobomolewa. Mwanzoni mwa karne ya 19, chini ya utawala wa Austria na miaka iliyofuata, kuta za Kraków zilivunjwa karibu zote, handaki likafukiwa, na mahali pake pakapandwa miti. Bustani hiyo inaitwa Planty, ina urefu wa kiasi cha kilomita 4, na inauzunguka mji wa kale wote. Ukitembea ndani yake unatembea juu ya ukuta usiouona, vivyo hivyo mtu anayepita barabara ya Darajani leo anapita mahali palipokuwa na mkono wa bahari ulioutenga Mji Mkongwe na Ng'ambo kabla haujafukiwa. Wageni wako wa Kipolandi wataielewa Darajani kwa wepesi sana ukiwatajia Planty, na hilo ni faida ya safari yako. Uwanjani nako kuna mnara wa mita 70 uliosimama peke yake. Hilo ni baki la jumba la halmashauri ya mji, lililobomolewa mwaka 1820.

Hapa natofautiana kidogo na mwenzangu. Yeye amekupandisha juu ya mnara wa kengele, mimi ningekushusha chini ya uwanja. Wataalamu walichimba upande wa mashariki wa Rynek, wakakuta mabaki ya njia za zamani, vibanda vya wafanyabiashara na makaburi ya kale zaidi, na tangu mwaka 2010 yote hayo ni makumbusho yaliyo chini ya sakafu unayoikanyaga. Watu wanakunywa kahawa juu na historia imelala mita chache chini ya viti vyao. Kwetu Pemba tuna magofu ya Pujini, ya Mkama Ndume, ambayo mgeni anayaona kwa juu juu na kuondoka. Mtu wa kazi yetu atanufaika zaidi kwa kuona namna mawe yaliyovunjika yanavyowekewa mwanga na maelezo machache, kuliko kwa kuiona kengele nyingine.

Na kuhusu hadithi, nakusihi uwe makini. Watakusimulia joka la Wawel lililokula mifugo na wasichana mpaka fundi viatu kijana akalirushia ngozi ya kondoo iliyojazwa salfa, likanywa maji ya mto Wisła hadi likapasuka. Chini ya kilima kuna sanamu ya joka iliyotengenezwa na Bronisław Chromy, inayotema moto wa kweli, na watoto wanaipenda mno. Karibu na mlango wa kanisa kuu kumening'inizwa kwa mnyororo mifupa mikubwa ambayo watu wa zamani waliiamini kuwa ni ya joka, kumbe ni ya wanyama wakubwa wa kale na nyangumi. Mtembezaji niliyemfuata alisimulia hadithi yote kwa ladha yake, akanyamaza kidogo, kisha akasema waziwazi ipi ni hadithi na ipi ina maandishi. Alifanya hivyo pia kwa habari ya mshale wa mwaka 1241. Hakuna mgeni aliyevunjika moyo. Nimewasikia vijana wetu wakiwaeleza wageni mambo ya Mji Mkongwe kana kwamba walikuwepo, na jambo hilo linaniumiza, kwa sababu mji wetu una ukweli wa kutosha na hauhitaji kuongezewa chumvi.

---

Binti Mkunazini

Shikamoo Mzee, na salamu kwako kaka wa Shangani. Nami ni mtembeza wageni, na sehemu kubwa ya kazi yangu iko Mkunazini, katika eneo la soko la watumwa lililofungwa mwaka 1873, ambapo sasa pana kanisa la Kianglikana. Nitazungumzia mchana wako, yaani Kazimierz na upande wa pili wa mto, kwa kuwa ndiyo sehemu niliyoitazama kwa makini zaidi nilipokuwa huko.

Kazimierz ulianzishwa mwaka 1335 na huyo huyo mfalme Kazimierz ukiwa mji wa peke yake, na baadaye ukawa makao makuu ya Wayahudi wa Kraków kwa karne nyingi. Kutoka Wawel unafika kwa miguu kwa muda wa robo saa au zaidi kidogo. Nenda moja kwa moja kwenye uwanja wa Szeroka. Sinagogi ya Remuh, ya karne ya 16, bado inatumika kwa ibada, na nyuma yake pana makaburi ya kale alipozikwa mwanachuoni Moses Isserles. Wanaume hutakiwa kufunika kichwa, kwa hiyo chukua kofia yako tu, itakutosha. Siku ya Jumamosi hufungwa kwa sababu ya Sabato, na hili uwaambie wenyeji wako kabla hawajapanga tarehe.

Kisha vuka mto kwa daraja la waenda kwa miguu hadi Podgórze. Wajerumani walianzisha geto hapo mwezi wa Machi 1941, wakawasukuma humo zaidi ya watu 15,000 katika mitaa michache, na mwezi wa Machi 1943 walilifunga kwa kuwaua wengi mitaani na kuwapeleka waliobaki katika kambi. Uwanja walipokusanywa watu kabla ya kusafirishwa unaitwa leo Uwanja wa Mashujaa wa Geto, na umewekwa viti vya chuma, vikubwa kuliko vya kawaida, vilivyoachwa vitupu, kila kimoja mbali na mwenzake. Pembeni ya uwanja kuna duka la dawa la Tadeusz Pankiewicz, Mpolandi Mkatoliki aliyekataa kuondoka geto lilipoanzishwa na ambaye aliwasaidia Wayahudi kwa dawa, habari na maficho. Sasa ni makumbusho madogo, na kwa maoni yangu ndiyo ya kuingia kama muda ni mchache, kwa sababu unasimama mbele ya kaunta na droo za dawa na kuyaelewa maisha ya watu kwa udogo wake. Kiwanda cha Schindler ni makumbusho makubwa kuhusu mji wote chini ya uvamizi wa 1939 hadi 1945, kinataka saa mbili kamili, na tiketi zake huisha mapema. Kiache kwa safari nyingine.

Naomba uniruhusu niseme linalonisumbua. Kundi nililojiunga nalo huko lilifikishwa uwanjani pale likiwa limechoka, mtembezaji akasema maneno machache, watu wakaanza kukaa juu ya vile viti na kupigana picha, na baada ya dakika kumi tukaambiwa basi linasubiri. Nilihuzunika sana, kwa sababu nayaona hayo hayo Mkunazini, wageni wakiletwa kwenye vyumba vya watumwa baada ya soko la Darajani na kabla ya chakula cha mchana, mikononi wameshika mifuko ya viungo. Mahali pa namna hii panahitaji nafasi kabla yake na baada yake. Mkodi mtembezaji wa pili wa mchana kama unaweza, anayeshughulika na historia ya Wayahudi wa Kraków tu, na mpumzike Kazimierz kabla hamjavuka mto. Na kama wenyeji wako watapendekeza mpitie Auschwitz, ile kambi ya mauaji ya Wajerumani, siku hiyo hiyo, kwa kuwa iko kiasi cha kilomita 70 tu, kataa kwa upole. Pale ni pa siku nyingine, na siku hiyo isiwe na jambo lingine.

Kuhusu chakula, uwanja wa Plac Nowy huko Kazimierz unauza zapiekanka, mkate mrefu uliokatwa katikati na kuokwa pamoja na uyoga na jibini, na unaweza kuagiza usio na nyama. Pierogi za viazi na jibini pia ni nzuri, ila sema mapema kwamba hutaki skwarki juu yake, kwani hayo ni mafuta ya nguruwe yaliyokaangwa. Asubuhi nunua obwarzanek kwenye vigari vya barabarani, mkate wa mviringo wenye ufuta au chumvi, uuweke mkobani. Swala isikutie hofu, kwani mwezi wa Juni Adhuhuri huingia kama saa saba kasorobo mchana na Alasiri kama saa kumi na moja jioni, hivyo una nafasi pana, na Maghrib haiingii mpaka karibu saa tatu usiku. Ungekwenda Disemba, jua lingekuzamia kabla ya saa kumi jioni na ratiba yote ingebadilika.

---

Mtembezi wa Shangani

Nawashukuru nyote kutoka moyoni, na shikamoo kwako Mzee. Nimewaandikia wenyeji wangu tuachane na ile kampuni. Tutamkodi mtembezaji wa asubuhi kutoka Barbakan hadi Wawel, tutapumzika Kazimierz, na mchana tutavuka mto na mtu wa pili hadi duka la dawa la Pankiewicz. Wamekubali, na baba wa familia ameniambia kwamba yeye mwenyewe, ingawa ameishi karibu na Kraków maisha yake yote, hajawahi kuingia kwenye duka hilo.

Limebaki moja. Nimeushika ushauri wa Mzee kuhusu makumbusho ya chini ya uwanja, lakini nikiyaingiza, nahofia asubuhi itajaa. Je, nikiyachagua hayo, niache mnara wa kengele tu, au kanisa kuu lote?

---

Mzaliwa wa Mkoani

Acha mnara, usiache kanisa kuu. Na kwa hilo nampa Mzee haki yake, kwani kwa kazi yako makumbusho ya chini yana mafunzo mengi zaidi. Tiketi zake zina saa maalumu na watu wanaoingia kwa mara moja ni wachache, kwa hiyo ziagizeni kwa intaneti siku kadhaa kabla. Chagueni saa nne asubuhi, mtoke mapema kiasi cha kuingia Mariacki kabla altare haijafunguliwa. Barbakan muanze saa tatu bila ya kuchelewa.

Chuo kikuu kiko hatua chache kutoka uwanjani. Ingieni tu kwenye ua wa Collegium Maius, ambao hauna kiingilio, mtazame nguzo zake kwa dakika chache. Mwanafalaki Copernicus alisoma Kraków kuanzia mwaka 1491 hadi 1495, na tarehe 6 Novemba 1939 Wajerumani waliwakamata zaidi ya watu 180, wengi wao wahadhiri wa chuo hicho, katika jengo la jirani, Collegium Novum. Mtembezaji wako akipita hapo bila ya kulitaja hili, muulize.

Tiketi za kanisa kuu la Wawel huuzwa mkabala na mlango wake, na Jumapili watalii hawaingii asubuhi kwa sababu ya ibada. Vaa viatu vyenye soli nzuri, kwani mawe ya Grodzka na ya mteremko wa kilima huteleza mvua ikinyesha, na mwezi wa Juni mvua hunyesha mara kwa mara.